Kereng'ende wa Mabawa ya Madoa: Tumjue Kabla ya Kumsingizia

Mvua zikianza, kando ya silanga zetu hapa Pap Onditi huonekana kereng'ende wenye mabawa ya madoa meusi. Mmoja atakuambia ni dalili ya maji safi ya kunywa. Mwingine atasema wanaleta ugonjwa. Wote wawili wamekosea, na kosa la kwanza ndilo la hatari zaidi. Basi tujifunze kuwatambua.

Namna ya kutazama

Usimkimbize. Simama kimya, jua likiwa mgongoni mwako, ungoje atue. Kereng'ende akitua huacha mabawa yake manne yakiwa wazi. Kisha angalia mambo matatu: doa liko wapi kwenye bawa, mwili una rangi gani, na ametua wapi.

1. Mdogo mnene wa majanini (Palpopleura lucia). Urefu wake ni kama sentimita 3. Dume ana tumbo la samawati kama lililopakwa majivu, na weusi mwingi mabawani. Jike ana tumbo la manjano lenye alama nyeusi, na weusi wa mabawani ni kidogo. Watu hudhani ni aina mbili, kumbe ni mume na mke. Hupenda kutua kwenye nyasi na matete ya ukingoni.

2. Mwenye mkanda (Brachythemis leucosticta). Dume ni mweusi, na kila bawa lina mkanda mpana mweusi. Ncha ya bawa haina weusi. Huyu hutua chini kwenye udongo. Wachungaji wanamjua, maana hufuata watu na ng'ombe wanapotembea. Hana nia mbaya: miguu inarusha vidudu, naye anavidaka.

3. Anayepepea kama kipepeo (Rhyothemis semihyalina). Doa lake kubwa liko kwenye bawa la nyuma, karibu na mwili, nalo hung'aa zambarau juani.

Katika vitabu kutoka Marekani kuna picha ya mwingine, Libellula pulchella, mwenye madoa 12 meusi. Huyo ni wa madimbwi ya kwao. Usimtafute hapa.

Anatuambia nini juu ya maji?

Hao wawili wa kwanza huishi vizuri hata kwenye maji yaliyotuama, yenye matope, yanayonywewa na mifugo. Kwa hivyo kumwona si kibali cha kunywa. Vijidudu vya kipindupindu na homa ya matumbo havionekani kwa macho. Chemsha maji, au tia dawa ya kusafishia maji.

Na mbu je?

Kereng'ende hutaga majini. Mtoto wake hukaa humo majuma au miezi akila viluwiluwi vya mbu na wadudu wengine. Huko Yangon, Myanmar, watafiti waliweka watoto wa kereng'ende kwenye vyombo vya maji vya nyumbani, na mbu wanaoeneza homa ya dengi wakapungua sana. Matokeo yalichapishwa mwaka 1990.

Lakini tusijidanganye. Mbu wa malaria huuma hasa usiku, wakati kereng'ende hawa wamelala. Tena Anopheles gambiae hupenda kuzaana kwenye vidimbwi vidogo, hata kwenye alama za kwato za ng'ombe. Mbu hukua kwa siku 7 hadi 14 hivi, na kidimbwi kinaweza kukauka kabla mtoto wa kereng'ende hajakua. Huyu ni msaidizi tu, si badala ya neti.

Tufanye nini?

• Tuache matete upande mmoja wa silanga. Tusifyeke yote.
• Tusioshe bomba la dawa ya kupe wala ya shamba ndani ya silanga. Dawa hiyo huua kereng'ende, na sisi pia hutumia maji hayo.
• Tufukie vidimbwi karibu na nyumba.
• Kila mtu alale ndani ya neti, hata kiangazi.
• Tuwaambie watoto wamtazame bila kumng'oa mabawa.

Maswali ya kujadili kikundini

1. Silanga yetu ina kereng'ende wa aina gani kati ya hawa watatu?
2. Nani huosha bomba la dawa pale, na anaweza kuoshea wapi kwingine?
3. Ni nyumba ngapi kati yetu bado zinakunywa maji ya silanga bila kuyachemsha, na tutazisaidiaje?