Gemu Inakaa Wapi? Utangulizi

Fani unayoingia haina jina ambalo wote wamelikubali. Wapo wanaoiweka chini ya usimamizi wa hifadhi za kompyuta, wapo wanaoihesabu kuwa tawi la utunzaji wa kumbukumbu za kidijitali, na wengi zaidi huifikia kwa swali linalowajia usiku diski imeshajaa: gemu yenyewe iko wapi, niihamishe?

Swali linaonekana dogo, lakini anayelijibu sawasawa hana budi kupita katika historia ya kompyuta binafsi, aguse sheria ya umiliki, kisha ajue bei ya bando. Hoja ninayoishikilia katika kitabu hiki ni kwamba gemu iliyosakinishwa haiko mahali pamoja. Kuna faili za mtengenezaji, ambazo ni nzito lakini zinapatikana tena. Kuna maandishi ya mchezaji mwenyewe, yaani sevu na mipangilio yake, ambayo ni mepesi mno na hayapatikani tena popote. Halafu kuna kumbukumbu za msajili, yaani yale ambayo mfumo endeshi au programu ya duka imeandika kuhusu gemu hiyo. Kila fungu lina makao yake, na hasara nyingi huanzia pale mtu anapoyachukulia yote matatu kuwa kitu kimoja.

Haikuwa hivyo tangu mwanzo. Tarehe 10 Desemba 1993, id Software ya Texas iliweka sehemu ya kwanza ya Doom kwenye seva ya Chuo Kikuu cha Wisconsin, anayetaka aichukue bure. Iliweza kubebwa kwenye diski laini mbili. Ukiisakinisha katika mfumo endeshi wa DOS, kila kitu kiliingia ndani ya folda moja: programu inayoendesha mchezo, faili ya aina ya WAD iliyobeba picha, sauti na ramani, faili ya default.cfg yenye mipangilio yako, na humohumo doomsav0.dsg, pale ulipofikia kabla ya kuzima mashine. Kumpa rafiki mchezo kulikuwa ni kunakili folda, na kuuondoa kulikuwa ni kuifuta. Msajili hakuwepo.

Hata hivyo mbegu ya mgawanyo ilikuwa imeshapandwa, tena kwa makusudi. John Carmack, mwandishi mkuu wa programu pale id, alitenga injini na data. Injini haikubeba ndani yake picha, sauti wala ramani za Doom; ilizisoma kutoka ndani ya WAD. Matokeo yake, mtu yeyote mwenye subira aliweza kutengeneza WAD yake, ya ramani mpya au sauti mpya, akaiweka pembeni bila kugusa ya kwanza. Wanaotengeneza viraka na nyongeza za gemu leo wanatembea juu ya uamuzi ule. Ukielewa folda ya Doom umeelewa nusu ya kitabu hiki, nami ninashauri kila mwanafunzi aifungue angalau mara moja. Inachukua megabaiti chache tu.

Agosti 1995 ikaja Windows 95 pamoja na mambo mawili yaliyovunja utaratibu ule. La kwanza ni folda ya Program Files, makao rasmi ya programu zote. La pili ni Rejista, daftari kuu ambamo kila kisakinishi huandika kimeweka nini na wapi. Tangu hapo kunakili folda peke yake mara nyingi hakukutosha: mchezo ulifika kwenye kompyuta ya pili, ukatafuta jina lake kwenye Rejista, ukalikosa, ukagoma. Na ukifuta folda kwa mkono, jina lilibaki kwenye orodha ya programu likidai kitu ambacho hakipo.

Windows Vista, iliyofika kwa wanunuzi wa kawaida Januari 2007, ikakaza uzi zaidi. Programu isiyo na ruhusa ya msimamizi ilizuiwa kuandika ndani ya Program Files. Usalama ulihitaji hivyo, lakini michezo ya zamani ilikuwa imezoea kusevu palepale ilipokaa. Suluhisho la Microsoft lilikuwa la kijanja, na kwa maoni yangu lina lawama: mfumo uliipokea ile faili kimyakimya na kuipeleka kwenye folda iitwayo VirtualStore, ndani ya AppData\Local ya mtumiaji. Mchezo uliamini umeandika nyumbani kwake. Mwenye kompyuta naye aliamini hivyohivyo, mpaka siku anapoinakili folda ya mchezo kwenda mashine mpya na kukuta miezi ya jasho lake haimo. Bado napokea maswali ya namna hii, hasa kutoka kwa wapenzi wa gemu za mwanzoni mwa miaka ya 2000.

Sasa tufike Steam, duka la gemu la kampuni ya Valve, maana ndipo wasomaji wengi walipo. Valve iliizindua Septemba 2003, na Novemba 2004 ikawalazimisha hata walionunua Half-Life 2 kwenye diski waipitie. Miaka ya mwanzo michezo yake mingi ilifungashwa ndani ya faili kubwa za aina ya GCF ambazo mtu wa kawaida hakuweza kuzifungua. Baadaye ikahamia kwenye folda za kawaida, na huo ndio mpangilio unaoukuta leo. Kwenye Windows, usipobadilisha chochote, michezo iko ndani ya C:\Program Files (x86)\Steam\steamapps\common, kila mmoja na folda yake. Ukiongeza diski nyingine, Steam hutengeneza humo folda ya SteamLibrary yenye mpangilio uleule. Anayetaka njia fupi abofye kulia jina la mchezo kwenye maktaba yake na kuchagua kutazama faili zake. Folda itafunguka mbele yake.

Lakini panda ngazi moja juu ya common, ndani ya steamapps, utakuta faili ndogondogo za maandishi. Kila mchezo una yake, yenye jina la appmanifest na namba: ya Dota 2 ni 570, ya Team Fortress 2 ni 440. Ifungue kwa Notepad. Imeandikwa jina la mchezo, jina la folda yake, ukubwa wake, na hali yake, kama umekamilika au unangoja sasisho. Faili nyingine, libraryfolders.vdf, imeorodhesha diski zote zenye maktaba. Hapa ndipo penye ufunguo. Folda ndani ya common ni kiwanja. Appmanifest ndiyo hati. Gigabaiti 80 zinaweza kulala kwenye diski yako zikiwa salama kabisa, lakini bila hati Steam itakuambia huna mchezo huo na kukuonyesha kitufe cha kuusakinisha upya. Na hati bila kiwanja hukuletea mchezo unaodaiwa upo lakini haufunguki.

Kutokana na hili mbinu nyingi zinajieleza zenyewe. Mchezo huhamishwa kutoka ndani ya Steam, kwenye mipangilio ya hifadhi, kwa sababu hapo folda na maelezo yake husafiri pamoja. Aliyenakili folda kutoka kwa jirani huiweka ndani ya common kwa jina lake sahihi, kisha hubonyeza kusakinisha. Steam hukagua kilichopo na kupakua kilichopungua tu. Na anayetaka kuiondoa Steam yenyewe ajue kwamba kiondoaji chake hufuta pia michezo iliyo ndani ya folda yake. Aitoe kwanza steamapps, aiweke pembeni, airudishe baadaye.

Maduka mengine nayapitia kwa haraka, kwa sababu kanuni ni ileile. Epic huweka maelezo yake mbali na michezo, ndani ya C:\ProgramData\Epic\EpicGamesLauncher\Data\Manifests, folda ambayo Windows huificha. GOG, iliyoanzishwa Poland mwaka 2008, ndiyo yenye ukarimu kuliko zote: inakupa kisakinishi kamili unachoweza kukitunza kwenye diski yako bila kumwomba mtu ruhusa. Programu ya Xbox kwenye Windows ilianza kwa kuficha michezo ndani ya WindowsApps, folda iliyofungwa hata kwa mwenye kompyuta. Siku hizi mingi huwekwa kwenye folda ya XboxGames inayoonekana. Kwenye Linux, Steam hukaa ndani ya .local/share/Steam, na michezo ya Windows inayoendeshwa kwa programu iitwayo Proton hupewa kila mmoja diski C ya kuigiza ndani ya compatdata. Wenye Steam Deck, mashine ya mkononi ya Valve, watakutana nayo mapema.

Turudi kwa mchezaji, maana yeye ndiye anayesahaulika. Maandishi yake hayana makao mamoja, na hili ni kosa la watengenezaji, si lake. Skyrim huandika ndani ya Documents\My Games. GTA San Andreas, ambayo vijana wengi wa Afrika Mashariki wameicheza kwa nakala zilizopita mkono kwa mkono, hutengeneza folda ya GTA San Andreas User Files ndani ya Documents. Football Manager huweka misimu yako ndani ya Documents\Sports Interactive. Stardew Valley na Minecraft ya Java huficha sevu zake ndani ya AppData\Roaming. Microsoft ilileta folda ya Saved Games ili kumaliza utata huu, na kampuni nyingi zikaipuuza. Tovuti ya PCGamingWiki, iliyopo tangu 2012, imekusanya anwani za maelfu ya michezo kwa kazi ya kujitolea, na programu huru ya Ludusavi huitumia orodha hiyo kunakili sevu zako zote kwa mpigo mmoja. Usiitegemee mno hifadhi ya wingu ya Steam: si kila mchezo unaitumia, na inapokosea huweza kuandika cha zamani juu ya kipya.

Mizani hapa imepinduka kabisa. Sevu za miaka mitatu ya Stardew Valley hazijazi hata kona ya flashi. Faili za mtengenezaji, kwa upande mwingine, zimevimba bila adabu: Call of Duty: Modern Warfare ya 2019 ilivuka gigabaiti 200 kwenye kompyuta. Sehemu ya uvimbe huu ni marudio ya makusudi. Diski za kuzunguka huchelewa kuruka kutoka sehemu moja hadi nyingine, basi watengenezaji hunakili data ileile mara kadhaa ili iwe karibu na kila ramani inayoihitaji. Mwishoni mwa 2025 watengenezaji wa Helldivers 2 waliondoa marudio hayo, na mchezo ukashuka kutoka takriban gigabaiti 154 hadi takriban 23.

Kwa anayelipia intaneti kwa bando, mjini Dodoma au Bujumbura, mambo haya yana bei. Vitabu vya ng'ambo humwambia msomaji afute tu na kupakua tena akihitaji. Ushauri huo sikuuchukua. Humu utajifunza kuhamisha kabla ya kufuta, kunakili kutoka diski ya rafiki kwenda kwenye akaunti yako halali, na kukagua faili badala ya kuanza upya. Utajifunza pia kwa nini flashi yenye nafasi tele hukataa gemu: mara nyingi imeandaliwa kwa FAT32, ambayo haipokei faili moja inayofika gigabaiti 4. Iandae kwa exFAT au NTFS, baada ya kutoa vilivyomo.

Lipo swali moja ambalo mbinu haziwezi kulimaliza: gemu uliyoinunua ni yako kweli? Kampuni ya Ubisoft ilizima seva za gemu yake ya The Crew tarehe 31 Machi 2024. Walioinunua walibaki na folda nzima, kila faili mahali pake, na mchezo usiochezeka. Mwaka huohuo jimbo la California lilipitisha sheria inayowataka wauzaji wa bidhaa za kidijitali waseme wazi kwamba mteja ananunua leseni, na Steam ikaanza kuonyesha tangazo hilo wakati wa kulipa. Video Game History Foundation, shirika la Marekani, lilichapisha utafiti mwaka 2023 ukionyesha kwamba asilimia 87 ya michezo iliyotolewa nchini humo kabla ya 2010 haipatikani tena sokoni. Baadhi yake imenusurika tu kwa sababu mtu fulani alijua folda iko wapi na akainakili kwa wakati. Sura mbili za mwisho zinahusu kazi hiyo, na zina mabishano mengi kuliko maelekezo.

Mwenye Steam na Windows aanze sura ya kwanza. Mwenye Linux aruke hadi ya nne, ila asome kwanza kurasa zinazoeleza appmanifest. Na yeyote ambaye diski yake imeshajaa leo hii aende moja kwa moja sura ya tano, juu ya sevu, azinakili zote mahali pengine, ndipo arudi nyuma kuanza kuhamisha.