Wivu wa Miungu: Jina na Kiti

Michezo ya televisheni ya Kihindi isimuliayo habari za miungu, kama Ramayan ya Ramanand Sagar iliyoonyeshwa Bara Hindi mwaka 1987 na 1988, huchota visa vyake katika masimulizi ya kale. Katika masimulizi hayo Indra, mfalme wa miungu, haketi kwa raha. Mtawa azidishapo ibada, Indra huingiwa na hofu. Alimtuma Menaka, mwanamke mzuri wa mbinguni, amvunjie Vishwamitra ibada yake. Tena Indra alimwibia Mfalme Sagara farasi wa sadaka.

Sababu yaonekana katika jina lenyewe. Indra ni jina la mungu, tena ni jina la cheo. Vitabu vya Purana vyasema kwamba kila zama zina Indra wake. Na Nahusha, aliyekuwa binadamu, alipata kukikalia kiti hicho kwa muda. Kiti kipokezanwacho hakikosi kuleta wivu.

Jambo hili si geni katika nchi za Maziwa Makuu. Akaaye katika wilaya za Ngara na Biharamulo hayuko mbali na Rwanda na Burundi. Na Kihangaza na Kishubi ni ndugu wa karibu wa Kirundi na Kinyarwanda. Katika nchi hizo ilienea ibada ya kubandwa, ikafika hata Unyamwezi na Usukuma. Mkuu wa pepo wake ni Ryangombe, ambaye Warundi humwita Kiranga.

Masimulizi ya Rwanda yasema kwamba Ryangombe alishindania ukuu na Mpumutimucuni kwa mchezo wa kisoro, yaani bao la huko. Alikuwa katika kushindwa, mara akatokea mwanawe Binego, akamwonyesha namna ya kucheza, kisha akamwua yule mshindani. Ukuu, basi, haukuwa wa kuzaliwa nao. Ulipatikana, na uliweza kupotea.

Hapa pia jina na cheo vimeshikana. Kiranga ni pepo, tena ni mtu ambaye pepo husema kwa kinywa chake. Hata kubandwa ni kitenzi cha kutendwa: mtu hubandwa na pepo, wala hajibandi. Juu ya wote yuko Imana, Muumba. Yeye hashindani na yeyote kwa bao, maana hapana awezaye kukitwaa kiti chake.

Kiswahili chatusaidia kupambanua. Mwenye wivu hukilinda alicho nacho. Hasidi hutaka mwenziwe akose. Indra hana haja ya ibada ya mtawa, wala ya farasi wa Sagara. Hukilinda kiti tu. Wivu wake, basi, si upungufu wa heshima ya mungu, bali ni habari ya kiti chenyewe. Na raia asiyethubutu kumwambia mtawala kwamba kiti ni cha kuazima, aliweza kulisema hilo kwa kisa cha mungu, na mtawala akasikiliza.