Marehemu Asiye na Hati ya Mshahara

Wahenga walinena kwamba mali bila daftari hupotea bila habari. Aghalabu methali hii huelekezewa wafanyabiashara wazembe. Mimi naiona ikiwaelemea zaidi wajane na mayatima wanaokwenda mahakamani kudai fidia baada ya mlezi wao kuuawa na gari barabarani.

Hapa Kenya, Sheria ya Ajali Zinazosababisha Vifo, Sura ya 32, inawaruhusu mke, mume, wazazi na watoto wa marehemu kudai riziki waliyopoteza, mradi kesi ifunguliwe kabla ya kupita miaka 3 tangu kifo. Hesabu inayotumiwa na mahakama aghalabu ni nyepesi, hata mwanafunzi wa shule ya msingi aweza kuikokotoa. Hakimu hutwaa pato la marehemu kwa mwezi, akalizidisha kwa 12, kisha kwa miaka anayokadiria kwamba marehemu angeendelea kuchuma. Mwisho hutwaa sehemu iliyowafikia wategemezi, ambayo kwa mwenye mke na watoto mara nyingi huwa thuluthi mbili.

Mathalani, chukua mwashi aliyepata shilingi 18,000 kwa mwezi na akakadiriwa miaka 15. Jibu ni shilingi 2,160,000. Mahakama isiposadiki pato hilo, ikatumia shilingi 9,000, jibu linashuka hadi shilingi 1,080,000. Marehemu ni yule yule na watoto ni wale wale. Kilichopungua ni karatasi tu.

Mwalimu aliyeajiriwa hana taabu hiyo. Hati yake ya mshahara huwasilishwa, kodi na makato mengine ya kisheria yakaondolewa, na mjadala ukaisha. Je, seremala wa jua kali, mama mboga au mvuvi atatoa hati gani, ilhali hakuna aliyewahi kumwandikia?

Swali hilo lilijibiwa na Mahakama ya Rufaa mwaka 2005. Majaji walikataa hoja kwamba pato huthibitishwa kwa hati pekee, wakatambua kuwa Wakenya wengi, hata wasiojua kusoma na kuandika, hujipatia riziki pasipo kuweka kumbukumbu zozote. Kwa maoni yangu, huo ulikuwa uamuzi wa haki na wa busara.

Hata hivyo, mawakili wa kampuni za bima huweza kutaja kima cha chini cha mshahara kana kwamba ndicho kipimo pekee cha mtu asiye na hati, tena kile cha kibarua wa kawaida. Wasilolitaja ni kwamba amri hizo za serikali humtenga kibarua na dereva au fundi mwenye ujuzi, na hutofautisha miji mikubwa na maeneo mengine. Kumpima fundi stadi kwa kipimo cha kibarua ni kumdhulumu mara ya pili.

Hapana shaka bima nazo zina hoja. Lau kila mdai angeaminiwa kwa neno lake tu, wangezuka waongo, na gharama ingetuangukia sisi abiria. Lakini tiba ya uongo ni kuupima ushahidi. Aliyemwajiri mwashi kumjengea nyumba anaweza kuitwa shahidi. Yupo pia muuza mbao, kuna daftari la chama, stakabadhi za karo, na tangu mwaka 2007 zipo kumbukumbu za M-Pesa. Pato likikosa kujulikana kabisa, hakimu ana uwezo wa kutoa jumla moja anayoiona ya haki, kwani hesabu ile ya kuzidisha ni njia tu wala si amri. Kwa hiyo kima cha chini kiwe kimbilio la mwisho.

Nanyi walimu, hesabu hii yafaa kufundishwa. Mwanafunzi anayejifunza asilimia na sehemu na akokotoe pato la mzazi wake kwa mwezi, aliandike katika daftari, tarehe kwa tarehe. Hatukusudii kumtabiria mzazi mauti. Daftari hilo litamfaa angali hai, akiomba mkopo au akipanga karo. Na ajali ikitokea, litazungumza kwa niaba ya asiyeweza tena kujisemea.