Kupima Athari za Tukio: Reli Iliyokatika na Bei ya Sukari Itigi

Jambo likitokea na jingine likalifuata, mwanadamu huelekea kusema kwamba la kwanza ndilo lililosababisha la pili. Mvua kubwa imenyesha, reli imekatika, bei dukani imepanda. Mnunuzi mmoja analaumu reli, mwingine anamlaumu mwenye duka kwa ulanguzi. Huenda mmojawapo ana haki. Lakini tutajuaje? Makala haya yanakusudia kueleza njia ambayo wataalamu wa takwimu na uchumi huitumia kujibu swali la namna hiyo. Njia hiyo huitwa uchunguzi wa tukio, na chombo chake kikuu ni rigresheni.

Tukio lenyewe

Itigi, katika Mkoa wa Singida, ni mji ulio kando ya Reli ya Kati, baina ya Manyoni na Tabora. Ujenzi wa reli hiyo ulianzia Dar es Salaam mwaka 1905. Ikafika Tabora mwaka 1912 na Kigoma mwaka 1914. Mwishoni mwa Desemba 2009 na mwanzoni mwa Januari 2010, mafuriko makubwa wilayani Kilosa yaliiharibu vibaya reli hiyo baina ya Kilosa na Gulwe. Itigi ipo upande wa magharibi wa sehemu hiyo. Kwa hiyo, shehena iliyotoka bandarini Dar es Salaam haikuweza tena kufika Itigi kwa treni moja kwa moja.

Tuulize basi: je, kukatika kwa reli kulipandisha bei ya sukari Itigi, na kwa kiasi gani?

Jibu la haraka ni kutazama bei ya kabla na bei ya baada, kisha kutoa. Jibu hilo lina kasoro kubwa. Katika mwaka 2009 mvua zilikuwa haba nchini India na nyingi kupita kiasi nchini Brazil, na nchi hizo mbili ndizo zizalishazo sukari nyingi kuliko zote duniani. Bei katika soko la dunia ikapanda, hata mwanzoni mwa 2010 ikafikia kiwango kisichoonekana kwa miaka ipatayo 30. Tanzania huagiza sehemu ya sukari yake kutoka nje. Basi huenda bei ya Itigi ingepanda hata kama reli ingebaki salama.

Swali la kweli, kwa hiyo, ni hili: bei ingekuwa ngapi endapo reli isingekatika? Bei hiyo haikuandikwa na mtu yeyote, kwa sababu haikutokea. Hapana budi ikadiriwe.

Rigresheni ni nini?

Rigresheni ni njia ya kutafuta mstari unaoeleza vizuri zaidi uhusiano baina ya vitu viwili au zaidi. Mwaka 1805 Mfaransa Legendre alichapisha kanuni yake: chagua mstari ambao, ukipima umbali wa kila nukta kutoka kwenye mstari huo kwa wima, ukauzidisha kila umbali kwa wenyewe na kujumlisha, jumla huwa ndogo kuliko ya mstari mwingine wowote. Jina lenyewe lilitokana na Mwingereza Galton, aliyeonyesha mwaka 1886 kwamba watoto wa wazazi warefu sana, kwa wastani, huwa wafupi kuliko wazazi wao. Yaani hurejea kuelekea wastani.

Ili kukadiria bei ambayo haikutokea, twahitaji soko jingine lililoguswa na bei ya dunia lakini lisilotegemea reli hiyo. Mji wa Iringa wafaa, kwani hauna reli. Bidhaa zake hufika kwa barabara kupitia Morogoro na Mikumi. Twaweza kuandika:

Bei ya Itigi = a + b × (bei ya Iringa) + c × T + m

Herufi T ni alama ya tukio: ni 0 katika kila juma la kabla ya reli kukatika, na 1 katika kila juma la baada. Herufi m ni mabaki, yaani kila kitu ambacho mstari haukukieleza. Herufi tunayoitafuta ni c: nyongeza ya bei iliyoambatana na tukio, baada ya kuondoa mwendo wa jumla wa bei nchini.

Tutumie tarakimu za kubuni kwa ajili ya zoezi. Tuseme majuma ya kabla yametupa a = 100 na b = 1.1. Wakati huo kilo moja ya sukari Iringa iliuzwa kwa shilingi 1,200; mstari wasema Itigi 100 + 1.1 × 1,200 = 1,420, na ndivyo ilivyokuwa. Baada ya tukio bei ya Iringa ni 1,300. Bei iliyotarajiwa Itigi ni 100 + 1.1 × 1,300 = 1,530. Bei halisi ni 1,620. Basi kati ya nyongeza yote ya shilingi 200, shilingi 110 zingekuja hata bila ya tukio, na 90 tu ndizo zinazoweza kuhusishwa na reli. Mwenye kutoa bei moja kwa nyingine angeibebesha reli zaidi ya mara mbili ya mzigo wake.

Tahadhari

Kwanza, mabaki. Ikiwa katika majuma ya kabla bei ya Itigi ilipotoka kwenye mstari kwa shilingi 20 hivi, basi 90 ni nyingi. Ikiwa ilipotoka kwa 80 mara kwa mara, 90 haithibitishi kitu. Tena majuma yanayofuatana hufanana. Majuma kumi si mashahidi kumi wanaojitegemea.

Pili, majira. Itigi ina msimu mmoja wa mvua, tangu Novemba hadi Aprili, na mvua huharibu barabara za udongo. Ikiwa majuma ya kabla yote ni ya kiangazi, c itachanganya reli na matope. Ni lazima data za kabla ziwe na angalau msimu mmoja wa mvua.

Tatu, soko la kulinganishia. Endapo malori ya njia ya Iringa yalihamishwa kwenda kuziba pengo la treni, bei ya Iringa nayo ilipanda kwa sababu ya tukio hilohilo, na c itakuwa ndogo kuliko ukweli.

Nne, tarehe. Siku ya tukio itoke katika taarifa za reli, isichaguliwe kwa kutazama mahali bei ilipopinda. Njia nzuri ya kujipima ni kuweka tarehe ya uongo, mathalani miezi mitatu kabla. C ikitokea kubwa hapo pia, mstari wetu ni mbovu.

Njia hii ilipata umaarufu mwaka 1969, pale Fama, Fisher, Jensen na Roll walipochunguza matukio 940 ya kugawanywa kwa hisa katika soko la New York. Kwa kila kampuni walikadiria mwendo wa kawaida wa hisa zake kwa kuulinganisha na soko zima, kisha wakatazama mabaki tangu miezi 29 kabla hadi miezi 30 baada. Walikuta kwamba, kwa wastani, ongezeko lilitokea kabla ya mgawanyo. Baada yake halikuendelea. Aliyetazama tukio bila ya kutazama yaliyolitangulia angekosea.

Zoezi kwa shule

Mwalimu wa hisabati aweza kuwapa wanafunzi kazi ya kuandika, kila Jumamosi, bei ya kilo moja ya sukari, ya unga na ya mchele katika soko la karibu, na kubadilishana orodha hiyo na shule ya wilaya nyingine. Kazi hiyo ianze sasa, wakati hakuna tukio lolote. Reli ikikatika au daraja likisombwa, bei za baada zitaweza kuandikwa na yeyote. Za kabla atakuwa nazo yule tu aliyeziandika mapema.