Zuio la mahakama kwa ushirika: Usikimbilie rufaa

WAKULIMA wa mwani Micheweni wanajua kuwa mvua ikiukuta mwani juani, ubora hushuka. Sasa chukulia kuwa pande mbili zinagombea uongozi wa ushirika, na mahakama imezuia akaunti ya chama isiguswe hadi kesi iishe. Mwani umeiva, mnunuzi anasubiri, fedha za kamba na usafiri hazitoki.

Wengi hapo hutaka kukata rufaa. Kama amri ni ya Mahakama Kuu ya Zanzibar, rufaa huenda Mahakama ya Rufani ya Tanzania. Lakini Sheria Namba 25 ya 2002 ilifunga mlango huo: uamuzi mdogo haukatiwi rufaa wala kuombewa mapitio, isipokuwa umemaliza shauri lenyewe. Zuio la muda halimalizi shauri.

Njia iliyo karibu ni kurudi mahakama ileile kuomba amri ibadilishwe au iondolewe. Tangu kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe ya 1969, mahakama za Tanzania hupima mambo matatu: kama kuna hoja nzito yenye matumaini ya kushinda, kama kuna hasara isiyofidika kwa fedha, na upande upi utaumia zaidi.

Kwa hiyo nendeni na kumbukumbu za mkutano mkuu, hesabu na barua ya mnunuzi. Ombeni kidogo kinachowezekana: akaunti ifunguliwe kwa malipo ya wakulima na usafiri tu, kwa saini za pande zote mbili.