Filamu ya Dakika Tatu na Mfereji Ulioachwa Wazi



Tulipokubali kuwatengenezea watoto wa chuoni filamu fupi ya kufundisha udhu, tulidhani kazi ngumu ingekuwa kamera. Simu ya mmoja wa akina mama ilitosha; taabu ilikuwa kwingine.

Filamu ya kwanza ilikuwa ya dakika 11. Tuliianza kwa khutba, tukafasiri aya, tukaeleza nguzo moja baada ya nyingine kama tuwasomeshavyo watu wazima. Watoto wa miaka minne na mitano walitazama kidogo, kisha wakageukia kuchezea viatu vyetu mlangoni. Tuliona haya. Waliotengeneza Iftah Ya Simsim kule Kuwait mwaka 1979 walikwisha kulijua hili: vipande vifupi vifupi, na lugha fasaha isiyomtisha mtoto. Tukairudia kwa dakika 3, maneno machache, na mtoto mwenzao ndiye mtendaji. Muziki hatukuutia, kwani wako wazazi wasiouridhia. Sauti ya maji ilitosha. Mara hii watoto waliidai tena na tena.

Wiki hiyo hiyo mama mmoja akatujia na lawama. Mwanawe huufungua mfereji akauacha ukitiririka tangu bismillahi hadi mguu wa mwisho, na akikemewa hujibu, "Ndivyo chuoni walivyotuonyesha." Tukaitazama filamu upya. Kweli, mfereji ulikuwa wazi dakika zote tatu. Sisi tulishughulika na viwiko na vifundo vya miguu; watoto waliyaona na maji. Na hapa Mombasa ni nyumba ngapi zinunuazo maji kwa mtungi wa lita 20 kutoka mkokotenini? Isitoshe, imepokewa katika Bukhari na Muslim kutoka kwa Anas kwamba Mtume (s.a.w.) akitawadha kwa mudd moja, kiasi kisichofika lita. Tulikuwa tumefundisha udhu sahihi na israfu kwa pamoja.

Filamu ya tatu tumeipiga uani, kwa kopo moja la maji. Mtoto huonyesha kopo limejaa, hutawadha, na yale yanayobaki huyamwagia mrehani. La mrehani alilibuni mwenyewe, nasi hatukulikata.

Mama aliyetulaumu ndiye tuliyemwomba aitazame kabla ya mtoto yeyote. Ameridhika nayo, ila asema kopo ni kubwa mno. Jumamosi tutaipiga tena, inshaallah.