Nyumba ya mkopo wa Sh3 milioni humgharimu mkazi wa Lodwar zaidi ya Sh8 milioni

Mfanyakazi wa Lodwar anayekopa Sh3 milioni ili ajenge au anunue nyumba, kwa riba ya asilimia 13 kwa mwaka na kwa muda wa miaka 20, atakuwa ameilipa benki takriban Sh8,435,000 siku atakapomaliza deni lake. Kati ya fedha hizo, zaidi ya Sh5.4 milioni ni riba tupu.

Kiasi hicho hakitajwi sana mkopaji anapoketi mbele ya afisa wa mikopo. Kinachozungumzwa ni Sh35,147 za kila mwezi. Mkopaji huzilinganisha na kodi anayomlipa mwenye nyumba na mshahara anaopokea, akaona zinalipika, akatia sahihi.

Hili ni jambo geni kwa kiasi fulani katika kaunti ya Turkana. Katika awi, yaani boma la Mturkana, nyumba ni kazi ya mikono ya mwanamke. Akai hujengwa kwa fito na makuti ya mkoma, na ikichakaa au familia ikihama, hujengwa nyingine pasipo mtu kudaiwa hata senti. Mali ilikuwa mifugo, wala si kuta. Lakini tangu serikali za kaunti zianze kazi mwaka wa 2013, Lodwar imejaa watu wanaoishi kwa mshahara: maafisa wa kaunti, wauguzi, walimu na makarani. Kakuma nako, umbali wa kilomita 120 hivi, mashirika yaliyofuata kambi ya wakimbizi iliyofunguliwa mwaka wa 1992 yameajiri maelfu. Watu hawa wanataka nyumba za mawe na mabati, na saruji, nondo na mbao nyingi husafirishwa kutoka Kitale na Eldoret kwa barabara ndefu inayoongeza bei ya kila mfuko.

Ni wachache wanaopata mkopo wa nyumba kwa maana kamili ya neno hilo. Takwimu za Benki Kuu ya Kenya zilionyesha kwamba kufikia mwisho wa mwaka wa 2023 mikopo ya nyumba nchini kote ilikuwa takriban 30,000, na wastani wa kila mkopo ulipita Sh9 milioni. Wakazi wengi wa Lodwar hukopa kwenye Sacco, au huchukua mkopo wa benki unaokatwa moja kwa moja kwenye mshahara, kisha wakajenga chumba kimoja kimoja. Jina la mkopo hubadilika, lakini hesabu ni ile ile.

Siri iko kwenye miaka ya kwanza

Riba hutozwa juu ya salio la deni. Mwezi wa kwanza salio ni Sh3 milioni kamili, na asilimia 13 yake, ikigawanywa kwa miezi 12, ni Sh32,500. Mkopaji analipa Sh35,147. Maana yake ni kwamba Sh2,647 pekee ndizo zinazopunguza deni, yaani chini ya shilingi nane katika kila shilingi mia anazotoa. Mwezi wa pili riba hupungua kwa shilingi chache, na sehemu inayokwenda kwenye deni huongezeka kwa shilingi zizo hizo chache.

Mambo huendelea hivyo kwa mwendo wa kobe. Baada ya miaka mitano mkopaji amelipa Sh2.1 milioni, na bado anadaiwa karibu Sh2,778,000. Baada ya miaka 10 amelipa Sh4.2 milioni, ambazo ni nyingi kuliko alizokopa, na salio ni Sh2,354,000. Nusu ya deni la msingi huisha katika mwaka wa 16. Hakuna hila hapo wala mtu aliyeibiwa. Ndivyo hesabu ya riba ilivyo. Hata hivyo, anayeuza nyumba yake katika mwaka wa sita akidhani kwamba robo ya deni imekwisha hupigwa na butwaa.

Muda wa mkopo ndio unaoamua mengi, na ndio mkopaji anaoutazama kidogo mno. Mkopo uo huo wa Sh3 milioni ukilipwa kwa miaka 15 badala ya 20, malipo ya mwezi huwa Sh37,957. Tofauti ni Sh2,810 kwa mwezi. Jumla ya malipo hushuka hadi Sh6.83 milioni, na mkopaji huokoa Sh1.6 milioni. Akiweza kulipa kwa miaka 10, atatoa Sh44,793 kwa mwezi na riba yote itakuwa chini ya Sh2.4 milioni. Kwa hiyo anayetaka kupima mkopo asiishie kuuliza, "Nitalipa ngapi kwa mwezi?" Aombe jedwali lote la malipo, mwezi kwa mwezi, na asome mstari wa mwisho.

Riba yenyewe haikai mahali pamoja

Hesabu zilizotangulia zinachukulia kwamba riba itabaki asilimia 13 kwa miaka 20. Nchini Kenya hilo ni nadra. Mikataba mingi huipa benki uwezo wa kubadilisha riba kufuatana na hali ya soko, na soko limeyumba sana. Desemba 2011 Benki Kuu ilipandisha kiwango chake cha msingi hadi asilimia 18, na mwaka uliofuata wastani wa riba za benki ukakaribia asilimia 20. Septemba 2016 sheria iliweka kikomo cha riba kuwa pointi nne juu ya kiwango cha Benki Kuu. Kikomo hicho kiliondolewa Novemba 2019. Februari 2024 kiwango cha msingi kilifika asilimia 13, kisha kikaanza kushuka kuanzia Agosti mwaka huo.

Iwapo riba ya mkopo wetu wa mfano ingepanda hadi asilimia 16 tangu mwanzo, malipo ya mwezi yangekuwa Sh41,738, na jumla yake ingepita Sh10 milioni. Baadhi ya wakopeshaji hawapandishi malipo ya mwezi, huongeza muda. Mkopaji hufurahi kwamba mshahara wake haukuguswa, kumbe deni limerefuka. Ikiwa riba itapanda hadi asilimia 16 mwishoni mwa mwaka wa 10, naye akaendelea kulipa Sh35,147, miaka 10 iliyosalia itageuka kuwa 14. Na ikipanda hivyo mapema, mambo ni mabaya zaidi: asilimia 16 ya Sh3 milioni ni Sh40,000 kwa mwezi, kwa hiyo Sh35,147 haitoshi kulipa hata riba peke yake. Deni litakuwa likikua huku mtu akilipa kila mwezi bila kukosa.

Kuna mtego mwingine unaowanasa wanaokopa nje ya benki kubwa. Baadhi ya wakopeshaji hutoza riba juu ya kiasi cha awali kwa muda wote wa mkopo, hata kama nusu imekwisha kulipwa. Mkopo wa Sh1 milioni kwa "asilimia 10" ya namna hiyo, kwa miaka mitano, hulipwa kwa Sh25,000 kwa mwezi. Ukiupima kwa kipimo cha salio linalopungua, riba yake halisi ni zaidi ya asilimia 17. Anayelinganisha asilimia 10 hiyo na asilimia 13 ya benki anaweza kuchagua mkopo ghali akiamini amepata nafuu.

Kuna gharama za mwanzo pia: malipo ya awali kwa muuzaji, ada ya benki, mthamini, wakili, bima ya moto na bima ya maisha inayolipwa kila mwaka, na ushuru wa stempu, ambao ni asilimia 4 ya thamani ya ardhi inayohamishwa mjini na asilimia 2 mashambani.

Ardhi isiyo na hati

Kwa Turkana, kikwazo kikubwa kuliko riba ni ardhi. Benki hutoa mkopo wa nyumba kwa kushika hatimiliki iliyosajiliwa. Sehemu kubwa ya ardhi ya kaunti hii ni ya jamii chini ya Kifungu cha 63 cha Katiba ya 2010 na Sheria ya Ardhi ya Jamii ya 2016; zamani ilikuwa chini ya baraza la kaunti kwa niaba ya wenyeji. Ile ambayo haijasajiliwa hushikiliwa na serikali ya kaunti kwa niaba ya jamii, na mtu mmoja hawezi kuiweka rehani kana kwamba ni yake.

Mijini, watu wengi wana barua tu ya kugawiwa ploti. Wako wanaoithamini barua hiyo kama hati, wakainunua na kuiuza. Mahakama ya Juu iliamua Septemba 2023, katika kesi ya Torino Enterprises dhidi ya Mwanasheria Mkuu, kwamba barua ya ugawaji peke yake si hatimiliki na haimpi mwenye nayo umiliki anaoweza kumhamishia mwingine. Aliyejenga nyumba ya Sh3 milioni juu ya barua amejenga mahali ambapo benki haitamkopesha, na ambapo mwingine anaweza kuzuka na karatasi yenye nguvu zaidi.

Matokeo yake ni kwamba fedha nafuu humpita. Kampuni ya kufadhili mikopo ya nyumba, KMRC, iliyopata leseni mwaka wa 2020, huzikopesha benki na Sacco kwa riba ya asilimia 5 ili zikopeshe wananchi kwa riba iliyo chini ya asilimia 10. Kwa asilimia 9, mkopo wa Sh3 milioni wa miaka 20 hulipwa kwa Sh26,992 kwa mwezi, na jumla yake huwa Sh6.48 milioni. Huo ni unafuu wa karibu Sh2 milioni, lakini unamfaa mwenye hati. Asiye nayo hurudi kwenye mkopo wa mshahara, au hununua ploti Kitale na kujenga huko, mbali na anakofanyia kazi.

Katika kambi ya Kakuma na makazi ya Kalobeyei mambo ni magumu zaidi. Katiba inamruhusu asiye raia kupangishwa ardhi kwa muda usiozidi miaka 99, bali si kuimiliki moja kwa moja, na mkimbizi hana hati ya ploti anayoishi. Mpango wa kutoa fedha taslimu Kalobeyei uliziwezesha familia kujijengea nyumba za kudumu. Nyumba hizo zinakalika vizuri, lakini hazigeuki kuwa dhamana.

Kazi ya mwaka mmoja, deni la miaka 20

Mshahara ni nguzo nyingine. Sheria ya Ajira ya 2007 inataka makato yote yasizidi thuluthi mbili za mshahara. Haisemi mshahara huo utadumu kwa muda gani. Wafanyakazi wengi wa mashirika Kakuma huajiriwa kwa mikataba ya mwaka mmoja au miwili. Januari 2025 Marekani iliposimamisha misaada yake ya nje, na hatimaye kulifunga shirika la USAID Julai mwaka huo, ilionekana wazi jinsi riziki ya mji mzima inavyoweza kutegemea uamuzi uliofanywa Washington. Bima ya maisha inayoambatana na mkopo hulipa deni mkopaji akifariki. Haimlipii akiachishwa kazi, isipokuwa kama kifungu hicho kimeongezwa kwenye mkataba na kugharimiwa.

Watumishi wa umma wana nafuu. Hazina ya nyumba za watumishi wa serikali kuu, iliyoanzishwa mwaka wa 2004, iliweka riba ya asilimia 5, na mikopo ya nyumba ya wawakilishi wadi ilipangiwa asilimia 3. Mwalimu au muuguzi anayekatwa asilimia 1.5 ya mshahara wake chini ya Sheria ya Nyumba za Bei Nafuu ya 2024 ana haki ya kuuliza kwa nini anayetunga sheria hukopa kwa bei hiyo.

Kila mlipa kodi, hata hivyo, anaweza kudai msamaha wa kodi kwa riba ya nyumba anayoishi mwenyewe. Tangu mwisho wa Desemba 2024 kiwango cha juu ni Sh360,000 kwa mwaka, kutoka Sh300,000. Kwa anayetozwa kodi ya asilimia 30, hizo ni hadi Sh9,000 kwa mwezi, ingawa hupungua kadiri riba inavyopungua. Aliyejenga Kitale huku akipanga Lodwar atapata shida kueleza kwamba anaishi katika nyumba hiyo.

Watetezi wa mikopo hii husema kwamba mfumuko wa bei humsaidia mkopaji, na si uongo. Bei zikipanda kwa asilimia 5 kila mwaka, Sh35,147 za mwaka wa 20 zitakuwa na thamani ya Sh13,250 hivi za leo. Lakini faida hiyo humfikia tu yule ambaye mshahara wake umepanda pamoja na bei, na katika mji ambao wanunuzi wa nyumba ni wachache, hakuna hakika kwamba thamani ya jengo itapanda hivyo.

Anayeshindwa kulipa hatupwi nje siku hiyo hiyo. Sheria ya Ardhi ya 2012 inaitaka benki impe notisi ya siku 90 baada ya mwezi mmoja wa kukosa kulipa, kisha notisi ya siku 40 ya nia ya kuuza, na dalali naye hutoa siku 45. Nyumba ikiuzwa kwa bei iliyo chini ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, sheria huchukulia kwamba benki haikutimiza wajibu wake, mpaka ithibitishe vinginevyo. Mume au mke lazima awe ameridhia nyumba ya familia kuwekwa rehani. Na tangu Mei 2007, Sheria ya Benki inakataza riba ya mkopo uliokwama kuzidi salio la msingi lililokuwapo ulipokwama.

Aliyemaliza kulipa ana safari moja zaidi. Malipo ya mwisho hayaiondoi rehani kwenye daftari la ardhi. Benki sharti itie sahihi hati ya kuifuta, wakili aisajili, na ada zilipwe. Hadi hapo, atakayetafuta rekodi za ploti hiyo ataikuta bado ina jina la mkopeshaji.